Pikipiki Zilizopita Ndani ya Watu

Wadogo zangu wa karakana, siku mliponisindikiza hadi getini na soda na keki, Merveille alinishika mkono akasema niandike ninayoyajua kabla hayajanitoka. Nilicheka. Sasa nimekaa nyumbani hapa Rwambuzi, mjini Bunia, hakuna anayeniita kuja kutazama kioo chake cha kompyuta, na naona alisema kweli. Basi naandika. Vyeo sitavitaja, maana kwetu kila mtu alikuwa mkuu wa kitu fulani, hata yule aliyekuwa akiwasha jenereta.

Niliingia kazini nikiwa mchoraji wa kuta. Nilichora kichwa cha mwanamke mwenye misuko kwa saluni, nilichora simu kwa wauza vocha, na nilichora ng'ombe kwa bucha. Yule mzee aliyefungua karakana alimwona ng'ombe wangu mmoja, akaniuliza kama ninaweza kumchora akitembea. Nikamjibu kwamba ng'ombe wa bucha hatembei tena. Alicheka mpaka akajishika kiuno, na wiki iliyofuata nilikuwa mbele ya kompyuta kwa mara ya kwanza maishani, nimeweka mikono mapajani kwa kuogopa kuiharibu.

Mnaijua kazi yetu, lakini wengine watakaosoma hawaijui. Tulitengeneza filamu fupi za katuni na michezo ya kompyuta ya kufundishia: kunawa mikono, kulala ndani ya chandarua, kutookota chuma usichokijua shambani kisije kikakulipukia. Tulikuwa na vyumba viwili, betri za kuhifadhi umeme zilizopangwa ukutani, na feni moja ambayo ilikuwa ya kompyuta, si ya watu.

Mtu aliyenipokea alikuwa Anselme. Alikuwa amefundisha fizikia sekondari kabla hajahamia kwenye kompyuta, na alibaki na koti la mwalimu, alilivaa hata jua likichoma mabati. Alinionyesha filamu waliyokuwa wakiitengeneza. Mtoto anachukua kikombe, anakunywa.

"Unaona nini?" akaniuliza.

"Naona mutoto anakunywa maji."

"Angalia vidole."

Nikaangalia. Vidole vya mtoto vilikuwa vimeingia ndani ya kikombe, vimetokea upande wa pili, kama mtu aliyeshika moshi.

"Masini haijue kama kikombe iko kitu kinguvu," akasema Anselme, kwa Kiswahili chetu ambacho mashine ni masini na ndiyo ni njo. "Kwa yeye, yote iko hewa. Siye njo tunamwambia: hapa kuna kitu, usipite."

Hiyo ndiyo kazi niliyoifanya hadi nilipostaafu. Watu wakiniuliza nilikuwa nafanya nini, ningeweza kuwajibu kwamba niliizuia mikono ya watoto isipite ndani ya vikombe. Wengi wangeniombea.

Kuna vipande vya programu vilivyoandikwa mapema, ambavyo unaviweka kwenye folda moja na mchezo, na mchezo unaviita kila unapovihitaji. Tuliviita faili za maktaba, ingawa hamna kitabu ndani. Faili moja inajua vitu viwili vimegusana lini. Nyingine inajua kifanyike nini vikigusana: vizuiane, visukumane, au kimoja kianguke. Zile tulizozipata kutoka nje zilikuwa na makosa, au niseme zilitengenezwa kwa ajili ya kompyuta zenye nguvu kuliko zetu. Anselme alikuwa akiandika faili za kuzisahihisha. Mimi nilichora watu. Yeye aliwafanya wawe na mwili.

Alinifundisha kuangalia. Tulikwenda sokoni pamoja saa za chakula, tukasimama kando ya wauza samaki, naye ananiambia nitazame namna mama mwenye beseni kichwani anavyopishana na kijana mwenye gunia. Bega linageuka kabla ya mwili. Mguu unasita. Hawagusani, lakini kila mmoja anajua mwenzake yuko hapo. "Kama mutu wako hasite, ataonekana muzimu," alinionya. Mpaka leo nikichora mtu anayetembea naanza na bega.

Hakuwa mtu wa maneno mengi. Ukikosea alisogeza kiti chake karibu na chako, akakaa, akanyamaza mpaka uone kosa mwenyewe. Kuna siku nilitamani anitukane tu tumalize.

Kesi iliyotusumbua kuliko zote ilikuwa ya pikipiki. Bunia pikipiki tunaiita moto, na wageni kutoka pwani hushtuka wakisikia mtu amepanda moto kwenda sokoni. Chama kimoja cha waendesha teksi-moto kilituomba mchezo wa kuwafundisha vijana wanaoanza. Kijana akae mbele ya kioo, aendeshe, akutane na mbuzi, na watoto wa shule, na mama mwenye beseni anayekatisha barabara. Akigonga, mchezo unasimama na mtu aliyegongwa anabaki amelala chini mpaka dereva amwangalie. Anselme alishikilia hilo. Hakutaka kengele, hakutaka alama za kukatwa. Alitaka dereva amwangalie.

Nilimchora yule mama kwa uangalifu. Nilimpa kitenge cha kijani, beseni jekundu na viatu vya plastiki. Tukaupeleka mchezo kwenye ukumbi wao wa mafunzo, tukapongezwa.

Haikupita muda mrefu, Jérôme akaja karakana. Yeye ndiye aliyekuwa akiwafundisha vijana wa chama, mtu mnene mwenye kovu la kuungua mguuni, alama ya ekzosi. Hakukaa.

"Mama Jeannette, Papa Anselme, ile muchezo yenu inafundisha batu kukimbia."

"Kukimbia namna gani?" nikauliza.

"Kuya muone."

Tulimfuata hadi ukumbini. Kijana mmoja alikuwa mbele ya kioo, wenzake wamemzunguka wakishangilia. Alipofika karibu na yule mama wa kitenge cha kijani hakushika breki. Alikaza mwendo. Pikipiki ikaingia kifuani mwa mama, ikatokea mgongoni, ikaendelea na safari yake. Mama naye akaendelea kuvuka, beseni kichwani, kama hakuna kilichotokea.

"Unaona?" Jérôme akasema. "Ukienda pole pole, unamugonga. Ukikimbia sana, unapita. Basi bote banakimbia. Na kesho bataenda mu barabara ya kweli."

Vijana walikuwa wakicheka. Mimi nilimtazama Anselme. Alikuwa amefunga vifungo vya koti vyote, kama mtu anayesikia baridi.

Tuliporudi aliniita uani. Alichukua chungwa, akaniambia nifumbe macho na nifumbue kila atakapopiga mguu chini. Nikafumbua: chungwa liko mkono wake wa kushoto. Nikafumba, nikafumbua: liko mkono wa kulia. Katikati, mbele ya kifua chake, ilisimama fimbo ya ufagio aliyoichomeka ardhini.

"Chungwa iligusa fimbo?"

"Sijue. Sikuona."

"Njo vile masini inaona. Inafumba, inafumbua. Moto ikikimbia sana, mara hii iko mbele ya mama, mara inayofuata imeshapita nyuma yake. Masini inaapa haikuona kitu, na haidanganyi."

Kisha akafungua kamba ya kuanikia nguo, akanipa ncha moja nishike, akaivuta hadi upande wa pili wa ua, fimbo ikiwa katikati. "Usiulize moto iko wapi," akasema. "Uliza imepita wapi."

Hilo ndilo wazo lote, na kulisema ni rahisi. Kati ya kufumba na kufumbua, kompyuta inyooshe kamba nene toka pikipiki ilipokuwa hadi ilipofika, na iangalie kama kamba hiyo imekata mwili wa mtu. Kulifanya kwenye kompyuta zetu kuukuu ndiko kulikokuwa kazi. Kamba nyingi zilifanya mchezo ukwame. Kamba chache ziliacha watu wapitwe. Na pikipiki ikikata kona, kamba haiwezi kunyooka, maana tairi la nyuma linafuata njia yake. Anselme alishindana na hiyo kona muda mrefu. Alikuwa akitoka nje kutazama pikipiki halisi zikigeuka kwenye rond-point, ule mzunguko wa barabara, anarudi, anaandika, anafuta. Nikimuuliza amefikia wapi, ananijibu, "Mu kona."

Hatimaye faili yake ikatoka. Ilikuwa ndogo mno, ungeweza kuipuuza. Tuliiweka kwenye folda ya mchezo, tukamwita Jérôme. Akaendesha kwa mwendo wa kichaa, akakata kona, na yule mama akaanguka, beseni likaviringika barabarani. Mchezo ukasimama. Jérôme akabaki ameshika kibodi kwa mikono miwili.

"Sasa iko barabara," akasema.

Sijui faili ile iliokoa nani, na kama kuna aliyeokoka naye hajui. Vijana walioupitia ule mchezo ni wengi, baadhi yao wamenibeba hadi kazini bila kujua mimi ndiye niliyemchora yule mama waliyemgonga. Waliendesha vizuri. Nilikuwa naangalia.

Anselme aliacha kazi mapema, kabla ya umri. Macho yalimuuma, akasema anarudi kwao upande wa Nyankunde, alime, akae na mkewe Mama Roza. Faili zake zote zilibaki kwenye kompyuta zetu, na tulifikiri hiyo inatosha. Haikutosha. Faili ya maktaba ikishakamilika ni kama unga wa muhogo: unaweza kuupika, lakini huwezi kuurudisha kuwa muhogo. Muhogo wenyewe, yaani maandishi aliyoyaandika kwa mkono wake, ulikuwa kwenye diski yake, na diski alikwenda nayo. Ilikuwa yake, hakuna aliyeona ubaya.

Kisha vita vikafika upande wao. Yeye na Mama Roza walikimbia na nguo walizovaa, na waliporudi nyumba ilikuwa imeungua na vyote vilivyomo, diski pia. Alinipigia simu kuniambia wako wazima. Nilimshukuru Mungu, nikauliza habari za Mama Roza, za mashamba, za mbuzi. Tuliendelea kupigiana hivyo, sikukuu hadi sikukuu. Mbuzi wale niliwajua kwa majina. Habari ya kona haikuwahi kupita midomoni mwetu. Faili ilikuwa inafanya kazi. Nani huamka asubuhi akauliza kuhusu kitu kinachofanya kazi?

Karakana ilipopata kompyuta mpya, tulicheza ngoma. Merveille alikuwa ameshaingia kazini, mwanaprogramu hodari, na yeye ndiye aliyeihamisha michezo yote. Asubuhi moja akaniita. Mchezo wa pikipiki ulikuwa wazi mbele yake.

"Mama Jeannette, angalia."

Pikipiki ikaingia kifuani mwa mama wa kitenge cha kijani, ikatokea mgongoni.

Kompyuta mpya ilikuwa imeikataa faili ya Anselme. Haikutoa onyo lolote. Iliiruka tu, kama mtu anayempita jirani bila salamu. Merveille alijaribu kila njia aliyoijua kuifungua ile faili asome ndani, akatoka na vipande visivyoungana.

"Wazo ninalo," akaniambia. "Lakini kwa kona alifanya aje? Tumuulize yeye mwenyewe."

Nilipiga simu. Mama Roza ndiye aliyepokea. Akaniambia Anselme amepatwa na kiharusi, alilazwa hospitalini wiki nyingi, sasa yuko nyumbani. Mkono wa kulia umelala. Maneno yanakuja moja moja.

Nilipanda teksi-moto hadi kwao, nikiwa na kompyuta begani. Nilimkuta amekaa kwenye kiti cha mianzi, koti lake limewekwa mabegani kwa sababu mkono hauingii. Alinitambua. Alinishika kwa mkono wa kushoto asiniachie.

Mama Roza alileta chai. Tulipokunywa nikafungua kompyuta, nikamwekea magotini. Sikumweleza kitu. Aliweka vidole vya kushoto kwenye vitufe, akaiwasha pikipiki, akaongeza mwendo. Ikapita ndani ya mama.

"Hapana," akasema.

Akarudia. Ikapita tena.

"Hapana. Haiko. Haiko vile."

"Njo nimekuya, Papa Anselme," nikamwambia. "Ile fichier, ile faili yako, imekufa mu masini ya mupya. Kwa kona ulifanya aje?"

Alinitazama. Kisha akatazama mkono wake wa kulia uliolala mapajani, akautazama kwa muda, kama anausubiri uanze.

"Kamba," akasema.

"Ndiyo, kamba tunajua. Ginsi gani inapinda?"

Akafungua mdomo. Nikaona neno linakuja, nikaona linarudi. Akainua mkono wa kushoto, akachora hewani upinde, akasita, akachora mwingine ndani yake, mdogo zaidi, akasita tena. Akatikisa kichwa. Machozi yakamtoka bila sauti. Akachora tena, na safari hii pinde zilikuwa nyingine kabisa.

Mama Roza akaja akachukua kompyuta magotini pake, akaifunga.

"Inatosha, Mama Jeannette. Muache apumzike."

Niliondoka jua likiwa bado juu. Njia nzima nilikuwa nachora pinde zile mgongoni mwa dereva kwa kidole, nisizisahau, mpaka akaniuliza kama kuna mdudu.

Nilimchorea Merveille kila kitu nilichokiona. Alikaa na pinde zile, moja kubwa na moja ndogo ndani yake, na baada ya majaribio mengi akaona maana: njia ya tairi la mbele na njia ya tairi la nyuma, kila moja na kamba yake iliyokatwa vipande vifupi. Au alifikiri hiyo ndiyo maana. Faili aliyoiandika ni nzuri, na asikubali kuambiwa vinginevyo. Mama anaanguka. Lakini kwenye kona kali kabisa bado kuna pikipiki moja moja inayomgusa kitenge na kupita, na sote wawili tunajua kwamba ile ya kwanza haikuwa ikifanya hivyo.

Nilitaka kuipeleka Nyankunde. Barabara ilikuwa imefungwa, mara kwa usalama, mara kwa daraja, mara tena kwa usalama. Nilimpa Mama Roza habari kwa simu: mwambie imesimama, mwambie inagonga. Alisema amemwambia. Alisema Anselme aliitikia kwa kichwa, ila yeye hakuwa na hakika kama ni kwa ajili ya mchezo au kwa ajili ya uji. Barabara ikiwa bado imefungwa, Mama Roza akapiga simu ya mwisho. Walimzika bila sisi.

Ilipofunguka nilikwenda. Ilikuwa wiki yangu ya mwisho kazini. Mama Roza alikuwa uani anachambua maharage kwenye ungo. Nilimpa pole, tukalia. Nilipoona wakati umefaa nikatoa kompyuta begani.

"Nimekuletea kazi yake uione, Mama Roza. Imepona. Karibu yote."

Hakuinua macho.

"Weka hiyo kitu chini, Mama Jeannette. Mi sikuolewa na kazi yake."

Nikaiweka chini.

"Ulikuwa na yeye kila siku," akasema. "Kutoka asubui mpaka mangaribi, myaka mingi. Kuliko mie. Basi niambie. Kule kazini alikuwa anacheka?"

Nikafikiri. Nilijua alivyokuwa akisogeza kiti. Nilijua anapima upana wa bega kwa kidole gumba na kufumba jicho moja. Ningeweza kumwambia ni herufi zipi za kibodi yake zilizofutika kwanza.

"Mara moja moja," nikasema.

"Juu ya nini?"

Nilitafuta. Nilitafuta mwaka baada ya mwaka, meza yake, soko, ua wetu. Mama Roza alisubiri, mkono wake umesimama juu ya maharage.

"Sijue," nikasema.

Alitikisa kichwa taratibu, bila hasira, akaendelea kuchambua.

"Hapa alikuwa anacheka sana," akasema. "Mbuzi ingeingia mu nyumba, anacheka mpaka analala chini."

Nikavuta kiti, nikaweka maharage mengine mapajani, nikamwomba anisimulie.